Mbuni, yangeyange au ndege wa uani: nani alistahili kufugwa kwa manyoya ya mavazi ya kale?

Mwaka 1889 Emily Williamson alianzisha huko Didsbury, karibu na Manchester, chama cha wanawake waliochoshwa na kofia zilizojaa mabawa ya ndege waliouawa. Kanuni za mwanzo za chama hicho ziliwataka wanachama wasivae manyoya ya ndege yeyote ambaye hakuchinjwa kwa ajili ya chakula, isipokuwa mbuni peke yake. Kanuni hiyo fupi iliwagawa ndege wa biashara ya manyoya katika makundi matatu, nami sijaona mgawanyo bora zaidi wa kuufuata: wako ndege wa chakula, ambao manyoya yao ni mabaki ya jikoni, yuko mbuni, ambaye hutoa manyoya na kuendelea kuishi, na wako wale wengine wote, ambao mfano wao mkuu ni yangeyange.

Ulinganisho huu unawahusu watu wa aina mbili. Wa kwanza ni fundi wa mavazi anayetakiwa kutengeneza kofia, upepeo au skafu ya manyoya kwa mtindo wa miaka ya 1870 hadi 1914, iwe kwa jukwaa, kwa makumbusho au kwa bibi harusi anayependa mambo ya kale. Wa pili ni mfugaji anayejiuliza kama yuko ndege anayestahili kulishwa mwaka mzima kwa sababu ya manyoya yake. Maswali yao yanafanana kuliko wanavyodhani, kwa sababu fundi asiyejua unyoya ulivyovunwa hununua asichokijua, na mfugaji asiyejua fundi anatafuta nini hulisha ndege wa hasara.

Unyoya ulioiva

Jambo la kwanza la kulinganisha ni wakati ambapo unyoya huwa tayari, kwa kuwa hapo ndipo tofauti kubwa kuliko zote ilipo. Unyoya unaoota una damu ndani ya shina lake, na ukiuvuta wakati huo ndege huumia, hutokwa damu, na mahali pale panaweza kuharibika hata unyoya unaofuata ukaota umepinda. Unapokomaa, damu hurudi nyuma polepole kuelekea kwenye ngozi, na sehemu iliyoachwa hubaki kitu kikavu kama ukucha. Mfugaji wa manyoya, kwa hiyo, ana kazi moja kubwa ya kujua, nayo ni kutambua siku ambayo unyoya umeiva lakini haujaanza kuchakaa.

Wafugaji wa Koloni la Cape, kusini mwa Afrika, walioanza kumfuga mbuni kwa dhati katika miaka ya 1860, walilipata jibu lake kwa ufundi ambao mpaka leo naustahi. Hawakusubiri shina zima likauke, kwa maana kufikia siku hiyo ncha ya unyoya ingekwisha kuchanika kwa vumbi na jua. Walikata manyoya ya bawa kwa mkasi yalipofikia miezi sita hivi, juu kidogo ya mahali ambapo damu ilikuwa bado ipo, kisha wakaviacha vishina vilivyobaki vikauke kwa miezi miwili hivi kabla ya kuving'oa ili manyoya mapya yaote kwa pamoja. Ndege mwenyewe aliingizwa katika kizuizi chembamba cha mbao chenye umbo la herufi V, akafunikwa kichwa kwa soksi au mfuko wa kitambaa, na mbuni asiyeona hutulia kwa namna ya ajabu. Zoezi hilo liliweza kurudiwa kila baada ya miezi minane hadi mwaka mmoja, kwa ndege ambaye akitunzwa vizuri huishi miaka 40 au zaidi.

Yangeyange ni habari nyingine kabisa. Zile nyuzi ndefu, nyepesi na nyeupe zilizopendwa na wauza kofia wa Paris, London na New York humwota mgongoni anapokaribia kutaga tu, kwa maneno mengine ni vazi lake la uchumba. Msimu ukiisha, nyuzi hizo zimekwisha kuchakaa na kuchafuka, hazina bei. Mwindaji aliyetaka bidhaa safi hakuwa na wakati mwingine wa kumpata isipokuwa ndege alipokuwa juu ya kiota, na yangeyange ana desturi ya kuzaa kwa makoloni, mamia kwenye miti ileile, tena hamwachi mtoto wake kwa urahisi hata aliye karibu naye akipigwa risasi. Wazazi waliuawa, mgongo ukachunwa, na makinda yakafa njaa. Hakuna fumbo hapa: unyoya wenyewe ulikuwa umefungwa na uzazi, kwa hiyo kila uvunaji mkubwa ulikuwa uvunaji wa kizazi kinachofuata.

Ndege wa uani, yaani kuku, bata bukini, bata mzinga na kanga, wako katikati. Manyoya yao huvunwa siku ya kuchinjwa, na kwa hiyo hayana mzunguko wake wenyewe. Bata bukini ndiye aliyeonja taabu zaidi, kwa sababu katika maeneo ya Lincolnshire nchini Uingereza alinyonyolewa akiwa hai mara kadhaa kwa mwaka tangu karne ya 18, kwa ajili ya magodoro na kalamu za kuandikia, jambo ambalo sheria za Umoja wa Ulaya leo hazilikubali nje ya wakati wa kupukutika. Tausi yeye hupukutisha mkia wake kila mwaka baada ya msimu wa kuzaa, na anayemfuga huokota tu. Ni mavuno mepesi kuliko yote, ila tausi mmoja hutoa mkia mmoja kwa mwaka, na Waingereza wengi wa zama zile waliamini kwamba jicho lile la unyoya wa tausi huleta mkosi nyumbani.

Yangeyange aliwahi kufugwa

Watu wengi walioandika juu ya biashara hii huishia kwenye uwindaji wa yangeyange na kusema kwamba hakuna aliyewahi kumfuga. Si kweli. Katika jimbo la Sindh, ambalo leo limo ndani ya Pakistan, wavuvi wa kando ya maziwa na mto Indus walifuga yangeyange wadogo ndani ya mabanda ya matete mwanzoni mwa karne ya 20, wakawalisha samaki wadogo, wakawazalisha humohumo mabandani na kuwanyonyoa mara kadhaa kwa mwaka. Habari zao zilichapishwa mwaka 1914 katika jarida la chama cha maumbile cha Bombay. Kwa hiyo, swali la kama yangeyange anaweza kufugwa lilikwisha kujibiwa zamani.

Swali linalobaki ni kama ufugaji ule ungeweza kushindana na bunduki, na hapa nadhani jibu ni hapana. Yangeyange mdogo ana uzito wa nusu kilo hivi au pungufu, na unyoya wake ni mwepesi mno. Kwa hesabu iliyotumiwa na wapinzani wa biashara hiyo, wakia moja ya nyuzi za yangeyange ilihitaji ndege wanne. Katika minada ya London ya mwaka 1902 ziliuzwa pakiti 1,608 za wastani wa wakia 30, yaani wakia 48,240, ambazo kwa hesabu hiyo ni ndege 192,960. Jaribu kuwaza mabanda ya matete ya kuwaweka ndege laki mbili wanaokula samaki tu, kila siku, mwaka mzima. Mfugaji wa Sindh alilazimika kununua au kuvua chakula, kutunza makinda na kungoja. Mwindaji wa Florida au Venezuela alihitaji mtumbwi, risasi na wiki mbili za msimu. Wala bei haikumsaidia mfugaji kumshinda mwindaji, kwa sababu wote wawili walilipwa kwa mizani ileile. Mwaka 1903 wawindaji wa Marekani waliahidiwa dola 32 kwa wakia moja, wakati ambapo wakia ya dhahabu ilikuwa na thamani ya chini kidogo ya dola 21. Bidhaa inayolipa kuliko dhahabu na inayopatikana porini bure haimsubiri mfugaji.

Bei hiyo ilileta damu ya watu pia. Guy Bradley, mlinzi wa ndege aliyeajiriwa kulinda makoloni ya kusini mwa Florida, aliuawa kwa risasi mwezi Julai 1905 alipokwenda kumkamata mwindaji wa manyoya. Na mashamba ya Sindh yaliathiriwa na kitu kingine: tangu mwaka 1902 serikali ya kikoloni ya India ilikuwa imepiga marufuku kusafirisha manyoya nje ya nchi, isipokuwa ya mbuni, kwa hiyo manyoya ya yangeyange aliyefugwa kwa uangalifu yalilazimika kupita njia ileile ya magendo iliyopitwa na manyoya ya aliyeuawa. Mnunuzi wa mjini Paris hakuwa na namna ya kuyatofautisha, na wafanyabiashara waliutumia mwanya huo vizuri, kila walipoulizwa wakasema kwamba bidhaa yao imetoka shambani au imeokotwa chini ya viota. Kwa mtu anayechagua, hilo ni somo zito kuliko suala la ukatili peke yake: mfugo ambao bidhaa yake haitofautiki na ya porini huishia kuwa pazia la uwindaji.

Ndege wa peponi wa New Guinea sikumweka katika mizani hii, kwa sababu hakuna aliyefanikiwa kumfuga kwa manyoya. William Ingram aliwahamishia baadhi yao katika kisiwa cha Little Tobago, Karibea, mwaka 1909, lakini nia yake ilikuwa kuwaokoa wasiishe, wala hakukusudia kuwavuna.

Chakula, uzio na simba

Tukirudi kwa mbuni, mtu asidhani kwamba ndege huyu ni rahisi. Yai lake hulaliwa kwa siku 42, mara mbili ya yai la kuku, na vifaranga wake hufa kwa wingi katika miezi ya mwanzo wasipoangaliwa. Dume aliyekomaa ana uzito unaozidi kilo 100, hupiga teke kwa mbele, na teke hilo limewahi kuua watu. Biashara ya Cape ilisimama juu ya mambo matatu yaliyokutana: waya za uzio, mashine ya kutotolesha mayai na majani ya alfalfa. Arthur Douglass, aliyefuga karibu na mji wa Grahamstown, ambao siku hizi unaitwa Makhanda, alitengeneza mashine yake ya kutotolesha mwaka 1869, na tangu hapo mfugaji hakutegemea tena mbuni alalie mwenyewe. Kisha wakulima wa Oudtshoorn, katika bonde kavu la Karoo Ndogo, wakaelekeza maji ya mito kwenye mashamba ya alfalfa, na mji huo ukawa makao makuu ya unyoya duniani.

Chakula kilikuwa na umuhimu kuliko mtu wa leo anavyofikiri, kwa sababu unyoya huandika kila siku ya njaa ya ndege. Mbuni akiugua au akikosa lishe wakati unyoya unaota, mstari mwembamba uliodhoofika hujitokeza kukatiza unyoya, na hapo ndipo utakapokatikia baadaye. J. E. Duerden, mtaalamu wa wanyama wa chuo cha Rhodes mjini Grahamstown, alifanya majaribio mengi juu ya kasoro hiyo. Jambo hili lina maana kwa ndege wote, hata jogoo: ukiona kundi la manyoya lina mistari inayolingana kwa kimo kilekile, jua kwamba mfugaji aliwanyima ndege wake chakula au waliugua.

Afrika Mashariki ililijaribu hili pia, na si kwa mafanikio makubwa. Katika miaka ya kwanza ya karne ya 20, walowezi waliokuja katika himaya ya Uingereza, nchi ambayo sasa ni Kenya, walianzisha mashamba ya mbuni kwenye nyanda za Machakos. Miongoni mwao walikuwa Clifford na Harold Hill, binamu waliotoka Afrika Kusini, na jirani yao Philip Percival. Theodore Roosevelt alipowatembelea akina Hill mwaka 1909, walikuwa wanafuga mbuni na kuwinda simba kwa wakati mmoja, maana simba waliona uzio uliojaa ndege wenye nyama nyingi wasioweza kuruka kama karamu waliyoandaliwa. Karoo Ndogo ilikuwa imekwisha kumaliza simba wake, Machakos bado. Mbuni alipopoteza bei, Percival aligeuka mwindaji wa kuongoza wageni na akapata jina kubwa kwa kazi hiyo. Mfugaji wa leo wa Kajiado au Arusha hasumbuliwi sana na simba, ila fisi na mbwa wa kuzurura bado wapo, na uzio wa kumzuia mbuni humgharimu kuliko uzio wa ndege mwingine yeyote.

Ndege wa uani hawahitaji maelezo mengi hapa. Kuku huangua kwa siku 21, bata mzinga na kanga kwa wiki nne hivi, wanakula mabaki na pumba, na hakuna kijiji kisichojua kuwalea.

Mwaka 1914 ulivyofika

Hapa ndipo mizani inapogeuka, na nakiri kwamba sehemu hii ndiyo iliyonifanya niandike ulinganisho badala ya sifa za mbuni. Mwaka 1865 Koloni la Cape lilihesabu mbuni 80 tu wa kufugwa. Mwaka 1913 walikuwa wamezidi 750,000, na manyoya yaliyosafirishwa mwaka huo yalizidi uzito wa ratili milioni 1, yenye thamani ya karibu pauni milioni 3 za Uingereza, yakishika nafasi ya nne katika mauzo ya nje ya Afrika Kusini nyuma ya dhahabu, almasi na sufu. Ukigawanya, utaona kwamba kila ndege alileta kwa wastani ratili moja na ushei kwa mwaka. Kiasi hicho si kikubwa. Utajiri ulitoka kwenye bei, na bei ilitoka kwenye kichwa cha mwanamke wa Ulaya na Marekani.

Dalili za hatari zilikuwapo mapema. Bei zilianguka vibaya katikati ya miaka ya 1880, na mwaka 1884 serikali ya Cape ilitoza ushuru wa pauni 100 kwa kila mbuni na pauni 5 kwa kila yai lililosafirishwa nje, ili nchi nyingine zisipate mbegu. Ushuru huo haukumzuia Edwin Cawston kufungua shamba California, kwa kuwa alikwisha kuwa na ndege wake miaka michache baadaye. Bei ziliporudi juu baada ya mwaka 1900, wafugaji wa Oudtshoorn walijenga majumba ya mawe ya mchanga yenye minara na vioo vya rangi ambayo mpaka leo huitwa majumba ya manyoya, na wafanyabiashara Wayahudi kutoka Lithuania, akiwamo Max Rose, wakawa mhimili wa ununuzi. Mwaka 1911 serikali ilimtuma Russell Thornton hadi kaskazini mwa Nigeria kutafuta mbuni wa Afrika Kaskazini mwenye unyoya mzito zaidi, safari iliyofanywa kwa siri ili washindani wasiipate habari. Ndege walipatikana, wakafikishwa Cape, na uzalishaji wa mbegu bora ukaanza kwa bidii.

Kisha vita vikaja. Lakini si vita peke yake vilivyoua biashara hiyo. Magari ya wazi yalikuwa yamefanya kofia kubwa kuwa kero, mitindo ilikuwa inaelekea kwenye nguo nyepesi na nywele fupi, na maghala ya London yalikuwa yamejaa manyoya kupita kiasi. Katika muda wa miezi michache mwaka 1914, ndege aliyekuwa mali akawa mdomo wa kulisha. Wengi walichinjwa au kufunguliwa malango waende zao, na idadi yao ikashuka katika miaka iliyofuata hadi makumi machache ya maelfu. Max Rose mwenyewe aliwaweka baadhi ya ndege wake akiamini kwamba siku itarudi, na haikurudi kwa sura ileile: ushirika wa wafugaji ulioundwa Karoo Ndogo mwaka 1945 ulikuja kuishi kwa ngozi na nyama, na unyoya ukawa wa tatu.

Sasa mweke jogoo pembeni ya habari hiyo. Mwaka 1914 ulipofika, mfugaji wa kuku hakupoteza kitu, kwa sababu unyoya kwake ulikuwa nyongeza juu ya yai na nyama. Mfugaji wa mbuni wa zama zile alishinda kwa ufundi na kwa huruma, halafu akashindwa kwa hesabu, kwa kuwa ndege wake alikuwa na kazi moja tu. Anayefikiria kumfuga mbuni leo anapaswa kuanza na swali la nyama na ngozi vitauzwa wapi. Kama jibu halipo, unyoya hautamlipia uzio.

Mkononi mwa fundi

Kwa upande wa fundi, hakuna unyoya unaoweza kuchukua nafasi ya mbuni panapotakiwa unyoya mrefu unaopepea. Nyuzi zake zina urefu unaolingana pande zote mbili za shina, na hazina vile vikulabu vidogo vinavyoshikamanisha nyuzi za ndege wanaoruka, ndiyo maana hupeperuka kila moja peke yake. Manyoya meupe ya bawa la dume, takriban 24 kila upande, hupokea rangi yoyote; ya jike huwa na kijivu na kahawia; meusi ya mwili wa dume yalipendwa kwa mavazi ya msiba. Jambo moja ambalo wanunuzi wa leo hawaambiwi ni kwamba unyoya mmoja ni mwembamba kuliko wanaouona katika picha za mwaka 1910. Mafundi walilaza manyoya mawili au matatu juu ya mengine, wakayashona kwenye shina, wakanyoa mashina ya chini ili yasionekane, kisha wakakunja ncha za nyuzi kwa kisu butu. Ule uliopendwa zaidi kabla ya vita uliongezwa urefu kwa kufunga kwa mkono uzi mmoja mmoja kwenye ncha ya mwingine, maelfu ya mafundo madogo, kazi iliyofanywa na wanawake na watoto wa wahamiaji wa Kiitalia katika vyumba vya kupanga vya New York kwa ujira mdogo sana. Kwa hiyo hata unyoya usiomuua ndege ulikuwa na mtu aliyeulipia kwa macho yake.

Ndege wa uani wanatosha kwa mengi zaidi ya yale wanayosifiwa. Manyoya ya shingo na mkia wa jogoo yana mng'ao wa kijani na dhahabu ambao rangi ya dukani haiuwezi. Ya kanga yana madoa meupe yanayopendeza pembezoni mwa kofia ndogo, na bata bukini hutoa manyoya magumu yanayokatwa na kuchongwa maua na majani. Skafu laini zinazoitwa marabu nazo zina historia ya kuchekesha kidogo. Hapo awali zilitengenezwa kwa vinyoya vya chini ya mkia wa korongo yule mwenye upara anayeranda majalalani Kampala, ambaye Waganda humwita kalooli. Siku hizi karibu zote ni za bata mzinga, na jina limebaki. Fundi anayeagiza marabu asidhani ametapeliwa anapoletewa bata mzinga, na asitafute wa kweli.

Kwa yangeyange, chaguo halipo tena, na binafsi sioni hasara. Marekani ilizuia kuingizwa kwa manyoya ya ndege wa porini mwaka 1913, ikaongeza sheria ya ndege wahamao mwaka 1918, na Uingereza ikafuata mwaka 1921, zote zikimwacha mbuni nje ya katazo. Mtu anayeuziwa kofia ya zamani yenye nyuzi hizo anapaswa kujua kwamba kuivusha mpakani kunaweza kumletea matatizo. Anayehitaji sura yake tu anaweza kuchukua unyoya mweupe wa mbuni au wa bata bukini, akaunguza nyuzi ndogo kwa dawa ya kufulia nguo nyeupe iliyochanganywa na maji, kwa uangalifu na dirisha likiwa wazi, mpaka zibaki nyuzi nyembamba zilizosimama peke yake. Kutoka safu ya tatu ya ukumbi, hakuna atakayetofautisha.

Uchaguzi wangu, basi, ni huu. Fundi mwenye kofia moja au mbili za heshima anunue mbuni, manyoya machache ya daraja la juu badala ya mengi hafifu, na yaliyobaki ya vazi ayatoe kwa jogoo na bata mzinga. Fundi wa kikundi cha maigizo chenye waigizaji ishirini aanze na ndege wa uani na kumwachia mbuni muigizaji mkuu. Mfugaji mdogo asianze na mbuni, achilia mbali kwamba kumfuga kunahitaji kibali cha mamlaka ya wanyamapori. Aanze na kanga na majogoo wa rangi, akusanye manyoya siku ya kuchinja, ayaoshe kwa sabuni laini, ayakaushe kivulini na kuyapanga kwa urefu, kwa sababu manyoya yaliyochanganywa hovyo huuzwa kwa bei ya takataka hata yakiwa mazuri.

Na kabla ya kulipa, unyoya wa mbuni ugeuzwe utazamwe mwisho wa shina lake. Ukiwa umekatwa sawasawa, mkavu na mweupe ndani, ndege alikatwa kwa mkasi wakati unaofaa na huenda yuko hai bado. Ukiwa na ncha nzima ya mzizi iliyo kavu na safi, ulivutwa ukiwa umeiva au ulitoka kwa ndege aliyechinjwa. Ukiwa na rangi nyekundu iliyoganda au utando mlaini ndani ya shina, ulivutwa mbichi, na mbali na maumivu ya ndege, shina hilo litasinyaa na kupinda ndani ya kofia kabla mwaka haujaisha.